Risala ya Wazazi Wanaozungumza Kiswahili Jijini Leicester kwa Mgeni Rasmi, Mkuu wa Shule ya Sekondari

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Mwalimu Mkuu. Wajumbe wa bodi ya shule. Walimu, wazazi wenzetu na vijana wetu,

Awali ya yote tunamshukuru Mwenyezi Mungu kwa kutukutanisha jioni hii, na tunakushukuru wewe kwa kuupokea mwaliko wetu. Utuwie radhi kwamba risala hii inasomwa kwa Kiswahili nawe unaifuata kupitia mkalimani; tumefanya hivyo makusudi, na sababu yake utaiona punde.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi,
Sisi ni wazazi na walezi wenye asili ya Tanzania, Kenya, Uganda na Kongo. Wamo kati yetu wazee wa Kihindi waliofukuzwa Uganda mwaka 1972, wakahamia Leicester hapa Uingereza ingawa halmashauri ya jiji ilikuwa imetangaza katika gazeti la kule kwamba wasije. Leo wajukuu wao wanasoma darasa moja na watoto waliofika juzi kutoka Bukavu. Wengi wetu tunatoka mahali ambapo kumsomesha mtoto sekondari ni kuuza ng'ombe au kukopa. Hapa sheria ya elimu ya mwaka 1944 ilifuta ada katika shule za sekondari za umma, na shule yako, kwa kuwa ni akademi, yaani shule ya umma isiyosimamiwa na halmashauri, hupata fedha zake kutoka serikali kuu. Tunashukuru, japo sare bado zinatutoa jasho.

Tangu mwaka 2012 serikali huiongezea shule fedha kwa kila mwanafunzi aliyewahi kusajiliwa kupata chakula cha bure cha shuleni, kinachotolewa kwa familia zenye kipato kidogo, ndani ya miaka 6 iliyopita. Wapo wazazi walioona kukiomba ni aibu. Kikundi chetu kimewaelimisha na kuwasaidia kujaza fomu.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi,
Linalotukera hasa ni jioni ya wazazi. Mzazi hupewa dakika chache kwa kila mwalimu, na asiyejua Kiingereza hutafsiriwa na mtoto wake mwenyewe. Mwalimu wa hisabati anasema kijana hajaleta kazi ya nyumbani tangu likizo, kijana anamgeukia mama yake na kumwambia, "Anasema ninajitahidi." Mama anatabasamu na kushukuru, mwalimu anaridhika kwamba ujumbe umefika, na mama na mwanawe wanasogea meza ya pili. Kesi ya nyani, hakimu ngedere. Vijana mlioko hapa msijifanye hamjui tunachosema.

Mzazi huyo huja kuujua ukweli mwezi Agosti, matokeo ya GCSE, mtihani wa taifa wa vijana wa miaka 16, yanapotoka, na mtoto aliyekosa gredi ya 4, yaani ya kufaulu, katika Kiingereza au hisabati hulazimika kuendelea na somo hilo baada ya miaka 16. Kwa hiyo tunaomba wakalimani watu wazima, kwanza kwa wazazi wa Mwaka wa 9, darasa la watoto wa miaka 13 hadi 14, ambako masomo ya mtihani huchaguliwa, na tunaomba muda wa mzazi anayetafsiriwa uongezwe, kwani kila neno husemwa mara mbili. Wakalimani wa kujitolea tunao. Shule iwafanyie tu uchunguzi wa kumbukumbu za jinai unaotakiwa kwa wanaofanya kazi na watoto, nao wako tayari kuanza muhula ujao.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, tunaomba kuwasilisha.