Usiimalizie Tamthilia Yako kwenye Amri ya 1897

Ndugu yangu mpendwa,

Salamu nyingi kwako na kwa wote nyumbani. Nimeisoma tamthilia yako ya watwana na vijakazi wa Unguja, na wahusika wake hawajanitoka moyoni. Kinachonisumbua ni mwisho wake. Unafunga pazia pale Sultani Hamoud bin Mohammed anapotoa amri ya tarehe 6 Aprili 1897, watu wakashangilia, ilhali mapambano yalikuwa bado mabichi.

Amri ile haikumwacha huru mtu papo hapo. Mtumwa alitakiwa aende mwenyewe mahakamani kuomba uhuru wake, na akishaupata aonyeshe kwamba ana makazi na njia ya kujikimu, la sivyo ahesabiwe mzururaji. Fidia nayo alilipwa bwana, si yule aliyepalilia mikarafuu miaka yote bila ujira. Masuria hawakuguswa na amri hiyo hadi 1909. Mtu asiye na kipande cha ardhi angekwenda wapi? Wengi walibaki katika mashamba yale yale, wakaruhusiwa kujenga kibanda na kupanda mihogo kwa sharti la kuendelea kumpalilia mwenye shamba. Mwandikie kijakazi wako onyesho akiwa mbele ya hakimu, anaulizwa atalala wapi na atakula nini. Onyesho hilo litasema mengi kuliko shangwe zote ulizoandika.

Halafu mavazi. Umemvika kijakazi wako kanga tangu mwanzo, nami naomba umvue. Mvike kaniki, ile merikani, kitambaa cha pamba, iliyotiwa rangi ikawa nyeusi, na kichwa kiwe wazi, kwa kuwa kujitanda ushungi kulikuwa alama ya waungwana. Kanga aipate baadaye, aichague mwenyewe dukani na ajitande mbele ya hadhira, kama walivyofanya wanawake wengi waliotoka utumwani wakahamia Ng'ambo, upande wa pili wa Mji Mkongwe, kuanza maisha mapya. Huko huko Ng'ambo, mwaka 1928, wapangaji waligoma kulipa kodi ya ardhi, na Siti binti Saad, mzaliwa wa Fumba ambaye wazazi wake walikuwa watumwa, alikuwa tayari mwimbaji mashuhuri. Sisemi uyaingize yote, lakini sehemu ya tatu unayo, nawe unaweza kuiandika vizuri kuliko mtu yeyote ninayemfahamu.

Ukiianza, nitumie hata kabla hujaisahihisha.

Wako akupendaye,
Rafiki yako