Figo si chujio tu

Ndugu Mhariri,

Ukurasa wenu wa afya wiki iliyopita ulikuwa na mchoro wa figo uliopakwa rangi moja kuanzia nje hadi ndani, na chini yake mkaandika kwamba kiungo hiki ni chujio la mwili. Ni kweli, lakini ni nusu ya ukweli, na nusu iliyoachwa ndiyo iliyomtesa mwanangu kwa miaka miwili.

Mimi ni mchinjaji. Kwa miaka 26 nimepasua figo kila siku ya kazi. Ya ng'ombe ina vifundovifundo kwa nje, ya mbuzi ni laini kama haragwe. Yoyote kati ya hizo ukiipasua kwa urefu utaona nyama za aina mbili. Ya nje ni ya kahawia, ina chembechembe. Ya ndani ina mistari myembamba iliyonyooka, yote ikielekea katikati, pale mrija wa mkojo unapoanzia. Niliiona mistari hiyo mara elfu na elfu, na sikuwahi kujiuliza inafanya nini.

Mwanangu wa pili ana ugonjwa wa selimundu, ule wa damu unaorithiwa. Alipofika miaka saba alikuwa bado anakojoa kitandani, tena usiku mmoja mara mbili, mara tatu. Nilimwita mvivu. Ndugu zake wakamwita kikojozi, nami sikuwakataza. Halafu nikafanya jambo ambalo hadi leo likinijia usiku sipati usingizi: nikamkatia maji. Ikishafika saa kumi jioni, hakuna kunywa. Mama yake alinisihi, "Baba, mtoto ana kiu kweli, mtazame midomo." Nikasema atazoea.

Hakuzoea. Aliendelea kukojoa vilevile, na wiki ya tatu maumivu yakamshika mapajani na mgongoni, akalia mpaka sauti ikakauka. Tukampeleka hospitali alfajiri.

Daktari aliyetupokea alikuwa binti wa umri wa dada yangu mdogo. Aliposikia habari ya maji alinyamaza kidogo, kisha akaniuliza kwa upole, "Baba, unaijua sehemu ya ndani ya figo?" Nikamjibu kwamba figo nazijua kuliko mtu yeyote mle ndani. Akachukua karatasi akaanza kuchora, nami nikaona anachora kile kile ninachokipasua kila asubuhi.

Ile nyama ya nje inaitwa koteksi. Humo ndimo damu inamochujwa, na hapo mchoraji wenu hakukosea. Lakini figo zote mbili huchuja kiasi cha lita 180 kwa siku. Tungeyakojoa yote hayo tungekufa kabla ya jua kuchwa. Sehemu kubwa hurudishwa kwenye damu hukohuko nje. Kinachobaki ndicho kinachoshuka kwenye nyama ya ndani, yaani medula, ili mwili uamue ubakize maji kiasi gani. Kwa binadamu medula imegawanyika katika piramidi, nane hadi kumi na nane kwa kila figo, na ncha ya piramidi huitwa papila. Mkojo hudondokea hapo, ukaingia kwenye vikombe vidogo, kisha kwenye mrija.

Ile mistari, Mhariri, ni vijirija. Vingine hushuka hadi karibu na ncha ya piramidi, vikapinda kama pini ya nywele, vikarudi juu. Mjerumani Jakob Henle ndiye aliyevieleza mwaka 1862, na mpaka leo vinaitwa vitanzi vya Henle. Kazi yake ni kukusanya chumvi ndani ya medula, kiasi kwamba mtu anapokaa bila maji, pale nchani ukolezi hufika karibu mara nne ya ule wa damu. Nani asiyejua chumvi inavyovuta maji kwenye nyama mbichi? Mimi hilo nalijua kwa mikono yangu. Mkojo ukipita katikati ya chumvi ile maji yake huvutwa na kurudishwa mwilini, na unaotoka huwa mzito, kidogo, wa manjano. Ndiyo sababu mtu mzima anaweza kulala usiku kucha bila kuamka.

Ila chumvi hiyo ina gharama yake. Damu ikipita kwa kasi itaizoa. Kwa hiyo figo hupokea karibu sehemu moja ya tano ya damu yote inayotoka kwenye moyo, lakini medula hupewa kama sehemu moja tu ya kumi ya hiyo, tena ipite taratibu. Matokeo yake ni kwamba oksijeni humo ni haba mno hata kwa mtu mzima wa afya. Medula huishi kwa kubanabana siku zote.

Sasa chukua damu ya mwanangu uipitishe hapo. Chembe nyekundu zenye selimundu hujikunja zinapokosa oksijeni, na hujikunja zaidi chumvi ikizinyonya maji. Hakuna mahali mwilini penye mambo hayo mawili pamoja kama medula. Zinakwama kwenye vimishipa vilivyonyooka sambamba na vitanzi, vimishipa vinaziba, na uwezo wa kuukoleza mkojo unapotea mapema sana utotoni. Daktari alipima mkojo wake wa kwanza wa asubuhi, baada ya usiku mzima wa kunyimwa maji, ukaonekana mwepesi karibu kama wa mtu aliyekunywa jagi zima. Kreatinini, kile kipimo cha damu kinachoonyesha figo inavyochuja, kilikuwa sawasawa kabisa. Chujio lilikuwa zima. Kilichokuwa kimeumia ni kile ambacho mchoro wenu haukukionyesha.

Kwa maneno mengine mtoto alikuwa anakojoa maji ambayo mwili wake haukuweza kuyazuia, nami nikawa namnyima ya kufidia. Damu ikakauka, chembe zikajikunja, maumivu yakaja. Mimi ndiye niliyeyaleta.

Jambo la pili alilonifundisha linawahusu hata wasio na selimundu, na ningeomba mliandike kwa herufi kubwa. Ni dawa za maumivu. Vimishipa vile vya medula hubaki wazi kwa msaada wa kemikali ambayo mwili wenyewe huitengeneza. Dawa za jamii ya ibuprofeni na diklofenaki hupunguza maumivu kwa kuizuia kemikali hiyohiyo. Mtu mzima anayemeza vidonge viwili kwa siku mbili huku akinywa maji vizuri kwa kawaida hapati shida. Anayemeza kila siku kwa miaka, au aliyekaukiwa maji, au mwenye kisukari, anaziba njia ya damu mahali ambapo damu tayari haitoshi. Ncha ya piramidi inaweza kufa na kukatika, ikashuka kwenye mrija kama kipande cha nyama, ikaleta damu na maumivu kama ya kijiwe cha figo. Miaka ya 1950 huko Uswisi madaktari waliona hali hii kwa watu waliokuwa wakimeza kila siku dawa za kichwa zenye fenasetini. Marekani iliiondoa sokoni mwaka 1983. Mimi nilikuwa nampa mwanangu vidonge vya maumivu kila aliposema nyonga inamuuma, bila kumwuliza daktari yeyote.

La tatu nitalisema kwa kifupi kwa sababu linanihusu mwenyewe. Mimi na mke wangu tuna nusu ya selimundu, yaani kila mmoja aliirithi kwa mzazi mmoja tu, ile isiyougua. Mwaka jana nilikojoa damu bila maumivu yoyote. Nilikaa kimya siku nne kwa aibu. Yule yule daktari akaniambia kwamba hata sisi wenye nusu, medula inaweza kuvuja damu, mara nyingi figo ya kushoto, na mara nyingi huacha yenyewe. Lakini akanipeleka kupimwa kwa picha haraka, kwa kuwa ipo saratani ya nadra ya medula ambayo huwapata karibu wenye nusu ya selimundu peke yao, hasa vijana, na ni kali. Mimi sikukutwa nayo. Yeyote mwenye nusu akiona damu kwenye mkojo, asikae siku nne.

Ninachoomba, Mhariri, ni mchoro mwingine, wenye rangi mbili. Na aya moja kwa wazazi na walimu: mtoto mwenye selimundu anayekojoa kitandani si mvivu, anyweshwe maji mchana na usiku, na akinyoosha mkono darasani kuomba kwenda chooni aruhusiwe mara hiyohiyo. Mwalimu mmoja alimkatalia mwanangu, akajikojolea mbele ya wenzake. Sidhani alikuwa mtu mbaya. Alijua kuhusu figo kile tu nilichokuwa nakijua mimi.

Siku hizi mwanangu analala na chupa ya maji kando ya mto. Mama yake humwamsha saa tano usiku, mimi humwamsha saa tisa kabla sijaondoka kwenda machinjioni. Godoro tumelivisha plastiki, na neno lile la kikojozi halitamkwi tena nyumbani kwetu.

Nimeambatisha nakala ya mchoro wa daktari, mkitaka kuutumia. Wino umefifia kwenye ncha za piramidi, maana mwanangu hupenda kupitisha kidole hapo anaponieleza mkojo unavyoshuka.

Wenu,
Mchinjaji, baba wa watoto wanne