Futeni jina la mzee yule: barua kwa vijana wa Ganze mlioko Nairobi

Wajukuu zangu,

Jumapili iliyopita tulikutana Jericho kuchangia safari ya maiti ya mwenzenu aliyegongwa akiwa kwenye bodaboda. Nilitoa changu, nikanywa chai, nikarudi nyumbani. Usiku mjukuu wangu akanisomea mliyoandikiana kwenye kikundi cha WhatsApp: kwamba kifo kile kina mkono wa mtu, kwamba mwenyewe anajulikana. Kisha mmoja wenu akaandika jina. Mwingine akapendekeza mchango ukibaki aitwe mganga apige ramli. Tangu siku hiyo usingizi umenikataa.

Mliyemtaja ni rika langu, tulichunga mbuzi pamoja. Lipo jambo moja mnalomlaumu tangu zamani, nalo mnalijua: ana shamba, na hataki kuliuza.

Mimi ni mzee wa mvi. Hapa Nairobi nikipanda matatu ya Jogoo Road, kijana nisiyemjua hunipisha kiti. Kwetu Kilifi, kwa mvi hizi hizi, wazee wamefikia kupaka nywele rangi nyeusi wasije wakaitwa watsai, yaani wachawi. Wengine wamekimbilia Kaya Godoma, makimbilio ya wazee wanaotuhumiwa, hapo hapo Ganze, wakiwa hai na wana watoto wazima, wasiweze kulala majumbani mwao. Si Kilifi peke yake. Mei 2008 huko Kisii watu 11, wengi wao bibi vizee, walichomwa moto kwa tuhuma za uchawi. Oktoba 2021, Marani, huko huko Kisii, kina mama wazee wanne. Kila mmoja wao, kabla ya petroli na kiberiti, alitangulia kutajwa jina.

Sitabishana nanyi kama uchawi upo au haupo. Mimi nauliza swali dogo tu: mmejuaje ni yeye?

Nauliza kwa sababu niliwahi kuwa kijana, nikanyamaza. Mtoto wa kaka yangu alishikwa na homa, jioni akapata degedege, alfajiri akafa. Mganga akaletwa, akamtaja shangazi yetu, mjane asiye na mtoto wa kiume. Nyumba yake ikachomwa. Alitoka na kanga moja, akaenda kufia kwa watu wa mbali, wala hatukumzika. Nilisimama pale na miaka yangu kumi na sita, najua kwamba ndiye aliyemkanda mtoto yule usiku kucha, na sikufungua mdomo. Miaka mingi baadaye, hapa Nairobi, mwanangu mwenyewe akapata homa ile ile na degedege lile lile. Daktari akasema ni malaria imepanda kichwani. Akatundikiwa dripu, akapona, leo ni baba wa watoto watatu. Siku ile nilitoka wodini nikakaa kwenye ngazi nikalia, na mke wangu akadhani nalia kwa furaha.

Mmoja wenu ameandika kwamba hizi ni mila zetu na wazungu hawazielewi. Mwanangu, wazungu wanazielewa sana. Kati ya miaka ya 1450 na 1750 huko Ulaya waliuawa kwa tuhuma za uchawi watu kama 40,000 hadi 60,000, wengi wao wanawake, tena kwa hukumu za mahakama. Wengi walikiri baada ya kuteswa, na waliposhurutishwa kutaja wenzao, wakataja majirani.

Nataka mjue habari ya Mhispania mmoja, Alonso de Salazar Frías. Alikuwa mmoja wa mahakimu watatu wa Inkwizisheni katika mji wa Logroño, mahakama ya Kanisa Katoliki iliyoogopwa hata kwa jina. Mwaka 1610 mahakama hiyo ilitoa watu wakachomwa moto kwa uchawi. Mwaka uliofuata akatumwa vijijini, milimani kaskazini mwa Hispania, na msamaha kwa wote watakaojitokeza kukiri. Wakajitokeza karibu 2,000, wengi wao watoto. Yeye hakukimbilia kuandika hukumu. Aliwauliza mmoja mmoja, mbali na wenzake: mlikutana wapi, mlipita njia gani, nani alikuwapo? Maneno hayakulingana. Dawa zilizodaiwa kuwa za kichawi wakapewa wanyama, wasidhurike. Akarudi akaandika kwamba hakupata ushahidi wa tendo hata moja la uchawi, na kwamba sehemu zile hazikuwa na wachawi wala waliorogwa mpaka watu walipoanza kuwazungumzia na kuwaandika. Mwaka 1614 wakubwa wake wakatoa masharti mapya makali ya ushahidi, na moto ule ukazimika huko miaka mingi kabla ya nchi nyingine za Ulaya.

Mpaka walipoanza kuwaandika. Someni tena ujumbe wenu wa Jumapili.

Na ninyi mnaodhani mko mbali, kwamba mtaandika kutoka Kayole na Kawangware na yatakayotendeka Ganze ni ya wa huko: mwaka 1931 Ukambani mwanamke aitwaye Mwaiki aliuawa kwa kudaiwa kumroga mke wa jirani. Wanaume 60 wakahukumiwa kunyongwa. Hukumu ilibadilishwa baadaye, lakini hesabuni wenyewe ni nyumba ngapi zilizokaa zikisubiri kitanzi kwa neno moja. Isitoshe, sheria yetu ya uchawi ni ya 1925, na mpaka leo kumshutumu mtu kuwa mchawi ni kosa lenye kifungo. Simu zenu zina majina yenu na saa mliyoandika.

Aliyemgonga mwenzenu ana gari, na gari lina namba. Fedha za mganga zipelekeni kwa wakili afuatilie kesi hiyo na fidia ya mjane.

Jina lile lifutwe leo kwenye kikundi, na aliyeliandika anipigie simu mwenyewe, sitamgombeza. Ijumaa napanda basi la usiku. Sitafikia kwa ndugu zangu, nitalala kwa mzee yule, na siku ya mazishi tutaingia matangani pamoja, yeye na mimi, na mvi zetu. Anayetaka kufuatana nami anikute kituoni saa mbili.

Babu yenu, Jericho