Nuru ya Ulimwengu Ulioubuni

Makunduchi, Unguja

Mwanangu mpenzi,

Assalaam alaykum. Sisi hapa hatujambo sote, na babako anakusalimu sana. Daftari lako nimelisoma lote, nimezitazama na ramani zako, na kilichonishika zaidi ni ile sura ya nuru inayotokea angani kila mwaka baridi inapoanza, ambayo watu wa ulimwengu wako huitazama kwa hofu bila kujua inatoka wapi. Mtu aliyefundisha jiografia umri wake wote hawezi kunyamaza mbele ya sura kama hiyo, basi uniwie radhi kwamba barua nzima itakuwa juu yake. Umeandika pembeni kwamba sababu ya nuru haijulikani wala haitajulikana. Kwa watu wako, sawa. Wewe uliyewaumba huna ruhusa hiyo, kwa sababu anayejua chanzo cha nuru ndiye anayejua pia itaonekana wapi, lini, na na nani.

Mfano unao nyumbani. Chuoni ulifundishwa kuitofautisha alfajiri ya uongo na ya kweli, kwa ajili ya daku na sala. Ya uongo husimama wima kutoka upeo wa macho, pana chini na nyembamba juu, na wanavyuoni wa kale waliifananisha na mkia wa mbwa mwitu. Ya kweli hutanda kwa upana na kuzidi hadi kukakucha. Ukisimama ufukweni kabla ya adhana, usiku usio na mwezi, mahali ambapo taa za mahoteli hazifiki, utaiona: weupe usio na rangi, usiopepesa, unaoinama kidogo upande mmoja, na ambao ukiukazia macho hufifia na ukitazama pembeni yake hurudi. Fikiria basi uzito wa jambo hilo kwa watu wasio na saa. Mwenye kukosea kati ya nuru hizo mbili huacha kula mapema bure, au husali kabla ya wakati. Watu wako wanaiogopa tu nuru yao. Hakuna hata mmoja ambaye siku yake inabadilika kwa sababu yake.

Na alfajiri ile ya uongo haihusiani na kupambazuka. Ni vumbi. Nyota zenye mkia hulimwaga zinapolikaribia jua, na miamba inayogongana angani huliongeza, nalo limetanda katika bapa lile lile ambamo sayari hulizunguka jua, likituakisia mwanga wa jua ambalo bado liko mbali chini ya upeo. Mnajimu Cassini, mtaalamu wa elimu ya nyota, aliichunguza nuru hiyo huko Paris mwaka 1683, na mwanahisabati Nicolas Fatio de Duillier akaeleza mwaka uliofuata kwamba inatokana na chembe zilizolizunguka jua. Mwendo wa vumbi hilo ndio uliokuwa mada ya tasnifu ya udaktari ya Brian May, mpiga gitaa wa Queen, aliyoikamilisha mwaka 2007, na mwenzake wa bendi, Freddie Mercury, alizaliwa hapa kwetu Unguja mwaka 1946. Habari hiyo haina faida yoyote kwa hadithi yako, ila nimeshindwa kuiacha.

Sasa uangalie msimu, maana hapo ndipo ninapogombana na daftari lako. Huko Ulaya nuru hii huonekana vizuri jioni wakati miti inapochipua, na alfajiri wakati majani yanapopukutika, kwa kuwa nyakati hizo bapa la sayari husimama zaidi juu ya upeo. Nyakati nyingine hulala karibu na ardhi na nuru humezwa na ukungu. Kwetu, karibu na ikweta, bapa hilo husimama karibu wima mwaka mzima, na kinachotunyima nuru ni mawingu ya masika na mbalamwezi. Vumbi ni lile lile, lakini kwa mtu wa Paris lina msimu na kwa mtu wa Makunduchi halina. Wewe una watu wa kaskazini na watu wa ukanda wa kati, na wote umewapa msimu mmoja. Je, wakikutana bandarini, hawatabishana?

Mzee wako wa kijiji anadai kwamba nuru ni barafu iliyo juu sana, ndiyo maana huja na baridi. Wazo zuri, lakini ligeuze. Yapo mawingu ya barafu hapa duniani, kiasi cha kilomita 80 juu, ambayo hung'aa usiku kwa sababu jua lililokwisha kututulia sisi bado linayapiga yenyewe. Watu walianza kuyaandika mwaka 1885, miaka miwili baada ya mlipuko wa volkano ya Krakatoa. Huonekana katika nchi zilizo karibu na ncha za dunia, na huonekana wakati wa joto. Hewa ya juu ya ncha hupanda katika miezi hiyo, hutanuka, na hupoa kupita nyuzi 120 chini ya sifuri, hata mvuke mchache uliopo huko ukaganda. Mzee wako anaweza kuwa na haki kuhusu barafu na akakosea kabisa kuhusu majira, na mimi ningempenda zaidi hivyo.

Jambo jingine ni kalenda. Mabaharia wetu walihesabu miongo kuanzia Nairuzi, siku ya mwaka mpya wao, siku kumi kumi, katika mwaka wa siku 365 kamili. Mwaka wa jua unazidi hapo kwa karibu robo siku, kwa hiyo hesabu ya namna hiyo huteleza siku moja kila baada ya miaka minne. Wape watu wako mwaka kama huo, uwaache karne moja, na nuru itakuwa imechelewa siku 25 hivi. Wazee watasema mbingu zimekasirika. Kijana mmoja mwenye kuweka alama ukutani atasema mbingu hazina neno. Hapo utakuwa na ugomvi wa kweli, na hukuhitaji kuleta joka.

Limebaki la mwezi. Umeweka miezi miwili angani na hukuitaja tena, ilhali nuru dhaifu namna hii hupotea mbele ya mwezi mpevu mmoja tu. Niandikie kila mmoja unazunguka kwa siku ngapi, na mwaka wako una siku ngapi, nami nitakukokotolea ni miaka ipi watu watakesha wakiisubiri na wasione kitu.

Mama yako