Barua ya wazi kwa Waziri: Dada yangu ana kitambulisho, lakini hajatambuliwa

Mheshimiwa Waziri mwenye dhamana ya serikali za mitaa,

YAH: IBARA YA 12 YA KATIBA NA KIBANDA CHA MAMA LISHE

Salaam kutoka Dar es Salaam. Mimi ni mwalimu wa sekondari. Nilisoma falsafa pale Mlimani, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na kwa miaka mingi sasa nafundisha Uraia. Nakuandikia kwa ajili ya dada yangu, ambaye ni mama lishe, na kwa ajili ya neno moja ambalo ofisi zilizo chini yako hulitumia kila siku bila kulipima uzito: kutambua.

Nianze na kibanda. Dada yangu alikuwa akipika kando ya barabara moja kubwa ya jiji hili. Mbao, turubai, mabenchi mawili, majiko matatu ya mkaa. Asubuhi supu na chapati, mchana wali maharage au ugali dagaa, na samaki siku akiwapata kwa bei nzuri Feri. Mbele alitundika kibao cha plaiwudi. Jina lake aliliandika mwenyewe kwa rangi ya bluu, na chini yake "Karibuni nyote". Alfajiri moja alifika akakuta alama ya X nyekundu. Haikuwa kwenye nguzo wala kwenye turubai. Ilipigwa juu ya jina, kona hadi kona, rangi ikiwa bado mbichi inachuruzika. Hapakuwa na karatasi, tarehe wala saini ya mtu yeyote. Siku ya tatu migambo wakaja na gari. Sufuria yake kubwa, aliyoinunua siku alipopokea fedha za mchezo wa kuchangiana kwa zamu, ilipondwa na tairi.

Akaenda kwenye ofisi iliyohusika. Siitaji, kwa sababu siandiki ili mtu afukuzwe kazi. Shingoni alikuwa amevaa kitambulisho cha mjasiriamali mdogo, vile ambavyo Rais John Magufuli alianza kuvigawa Desemba 2018 kwa shilingi 20,000 kimoja. Kijana wa dirishani alikigeuza mbele na nyuma, akamrudishia. "Mama, sisi hapa hatukutambui. Nenda kwa mwenyekiti wa mtaa, ulete barua ya utambulisho." Kijana huyo alikuwa amekula kwa dada yangu Jumanne ya wiki ile ile. Dada anajua kwamba hali pilipili na kwamba mkewe amejifungua juzijuzi. Jina lake limo kwenye daftari la madeni.

Jioni aliponisimulia hakuanza na sufuria. Alisema, "Yule mtoto amenikana."

Mheshimiwa, kukanwa huko kumeandikiwa vitabu kwa zaidi ya miaka 200. Mwanafalsafa Mjerumani, G. W. F. Hegel, katika kitabu alichokichapisha mwaka 1807, alieleza kwamba mtu akiwa peke yake hawezi kujijua kuwa mtu. Lazima awepo mwenzake wa kumtambua, na mwenzake huyo naye awe ametambuliwa. Akatoa mfano wa wawili wanaopambana hadi mmoja anakuwa bwana na mwingine mtumwa. Bwana anaipata ile heshima aliyoipigania, lakini inatoka kwa mtu ambaye yeye mwenyewe hamhesabu, kwa hiyo haimshibishi. Waswahili tunaijua hali hiyo. Shikamoo ya anayekuogopa na shikamoo ya anayekuheshimu hutamkwa sawasawa, na bado sikio linazitofautisha. Nikikuita Mheshimiwa, natamani iwe ile ya pili. Ni vigumu kuitoa wakati kwenye dirisha la ofisi iliyo chini yako dada yangu anaitwa "we mama mwenye kitambaa".

Mjerumani mwingine, Axel Honneth, mwaka 1992 aliligawa jambo hili mafungu matatu: upendo wa walio karibu nawe, haki mbele ya sheria, na kuthaminiwa kwa mchango wako katika jamii. Anayenyimwa mojawapo, anasema, hajakosewa adabu tu. Anajeruhiwa katika namna anavyojiona yeye mwenyewe. Upendo dada yangu anao, tupo sisi. Haki ilipigwa rangi nyekundu. Lakini hili la tatu ndilo linaloninyima usingizi, maana halisemwi kabisa. Jiji hili linalishwa na mama lishe. Makuli wa Kariakoo, makonda wa daladala, walinzi wanaotoka zamu ya usiku, mafundi wa gereji, na makarani wenyewe wa ofisi za umma, wote wanakula kwenye mabenchi yale kwa bei ambayo hakuna mgahawa wenye kiyoyozi utakaoiweza. Dada yangu anaamka saa tisa usiku. Anajua nani ana kisukari asiwekewe sukari kwenye chai, na nani hajalipwa mwezi huu asidaiwe. Halafu zikisomwa taarifa za oparesheni, kazi yote hiyo inaitwa "vizuizi vya barabarani".

Frantz Fanon, daktari wa magonjwa ya akili aliyezaliwa Martinique, alimsahihisha Hegel mwaka 1952. Alisema bwana wa kwenye koloni hana haja ya kutambuliwa na mtumwa wake. Anachotaka kwake ni kazi. Kila nikifika hapo nawaza ushuru. Miaka yote kabla ya kitambulisho, mtoza ushuru alikuja kibandani na hakuwahi hata siku moja kusema "hatukutambui". Wala ile 20,000 haikukataliwa. Dada yangu alijulikana vizuri kila alipokuwa anatoa pesa, akapotea machoni mwao siku alipokuja kuuliza.

Maana kutambua kuna namna nyingi. Wenzetu wa Kenya, chini ya Mwingereza, tangu miaka ya kuzunguka 1920, wanaume wa Kiafrika walilazimishwa kubeba kipande, na wengi walikining'iniza shingoni ndani ya kikopo cha bati. Kilikuwa na jina, alama za vidole, mwajiri na mshahara. Serikali ile ilimjua mtu hadi vidole vyake, ili akitoroka kazi apatikane. Sisemi kitambulisho cha dada yangu ni kipande. Yeye alikipokea kwa furaha, na mimi nilikuwepo alipokivaa mara ya kwanza akajitazama kwenye kioo. Ninachosema ni kwamba kadi shingoni haielezi yenyewe imetolewa kwa nia ipi. Nia hiyo huonekana siku mwenye kadi anapofika dirishani na swali.

Katiba yetu imelimaliza hili kwa sentensi moja. Ibara ya 12, ndani ya zile haki zilizoingizwa mwaka 1984, inasema: "Kila mtu anastahili heshima ya kutambuliwa na kuthaminiwa utu wake." Wanafunzi wangu huikariri mbio kama wanavyokariri majina ya mito. Mwaka jana msichana wa kidato cha tatu alinyoosha mkono akauliza, "Mwalimu, ina maana kila mtu anastahili kupewa kitambulisho?" Nilikuwa na haraka ya kengele, nikamjibu kwamba ni karibu sawa. Nilimjibu vibaya, na sehemu ya barua hii ni jibu nililopaswa kumpa. Katiba haisemi kadi. Inataja heshima, inataja utu, na haiweki sharti la barua kutoka kwa mwenyekiti wa mtaa. Hata Azimio la Arusha la mwaka 1967 lilianza na imani kwamba binadamu wote ni sawa na kwamba kila mtu anastahili heshima, na enzi zile waziri na mkulima waliitana Ndugu.

Najua nitajibiwa kwamba maskini anahitaji mtaji na eneo la biashara, hayo ya heshima yatafuata. Mwanafalsafa Mmarekani, Nancy Fraser, amelishughulikia swali hilo tangu miaka ya 1990, na mwaka 2003 yeye na Honneth walitoa kitabu kimoja wakibishana humo ndani. Fraser anashikilia kwamba kugawana mali na kutambuana ni haki mbili, moja haiwezi kulipa deni la nyingine, na kipimo chake ni kama watu wanaweza kushiriki wakiwa sawa katika mambo yanayowahusu. Mimi niko upande wake. Itazame Machinga Complex, jengo lililojengwa kwa ajili ya wachuuzi pale Ilala, jirani na Karume. Fedha zilitoka, ghorofa zikasimama, na kwa miaka mingi vizimba vingi vilikaa vitupu. Mteja wa machinga yuko njiani anawahi gari. Hapandi ngazi kutafuta soksi. Machinga yeyote, kama angeulizwa, angelisema hilo kabla msingi haujachimbwa.

Na sipingi jiji kupangwa. Wamachinga walipoondolewa kando ya barabara nyingi za Dar es Salaam mwaka 2021, watembea kwa miguu tulipata pa kupita, nami ni mmoja wao. Ninachoomba kinaweza kuagizwa kwa waraka mmoja kutoka mezani kwako.

Kabla kibanda hakijaguswa, mwenye nacho apewe notisi yenye jina lake, sababu, tarehe, mahali pa kwenda kujieleza, na jina na saini ya anayeitoa. Rangi nyekundu ikome kuwa barua. Eneo jipya lisichaguliwe kabla wapishi na wachuuzi wa barabara ile hawajaitwa wakakaa meza moja na maofisa mipango, na waliyoyasema yaandikwe kwenye muhtasari. Dirishani mtumishi avae beji yenye jina lake, naye amuulize mwananchi jina na alitumie. Hili la mwisho halina gharama yoyote, na nadhani ndilo litakalopingwa zaidi, kwa sababu ukishamwita mtu kwa jina ni vigumu kumwambia humtambui. Na ofisi ya Serikali isiruhusiwe kutamka neno hilo mbele ya mtu aliyeshika kadi ya Serikali ile ile.

Dada yangu sasa anapika nyuma ya gereji moja, kwa sufuria ya kuazima. Yule kijana bado hajarudi kula, na deni lake dada hajalifuta wala hajalidai. Kibao alikiokota siku ile ile, akakisugua kwa mafuta ya taa. Nyekundu imetoka karibu yote, ila imeondoka na sehemu ya bluu, na herufi mbili za mwanzo za jina lake hazisomeki tena. Jumamosi binti yangu atakwenda na brashi kuziandika upya.

Wako katika ujenzi wa Taifa,

Mwalimu wa Uraia,
Dar es Salaam