Mhariri, mtajeni na kameramani

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi kidogo nitoe dukuduku langu. Kila Jumamosi nasoma ukurasa wenu wa filamu. Nyota anatajwa, mwongozaji anatajwa, hata fundi aliyemshonea nyota gauni anatajwa. Kameramani hatajwi. Juzi mmemsifu mwongozaji Martin Scorsese ukurasa mzima bila kumgusa Michael Ballhaus, Mjerumani aliyempigia filamu saba.

Mimi napiga video za harusi hapa Dodoma, mwaka wa 12 sasa. Ballhaus nilimjulia kwenye simu, usiku mmoja nikisubiri kompyuta imalize kurenda, yaani kutoa video iliyokamilika, ya send-off ya watu wa Kizota. Kilikuwa kipande cha Martha, filamu ya Rainer Werner Fassbinder ya 1974. Mwanamke na mwanamume wasiojuana wanapishana, kamera inawazunguka duara zima, nao wanajizungusha. Sekunde chache tu, neno hawasemi, lakini unajua huyu dada kaisha.

Nikajaribu, ukumbi mmoja wa Nkuhungu. Maharusi wamesimama kwenye keki, kijana wangu kanishika mkanda kwa nyuma, nikaanza kuzunguka. Nusu duara, safi. Nusu ya pili zikaingia taa zangu zote mbili, nyaya, na mpishi anakula kwa kujificha. Halafu waya wa spika ukaninasa mguu, muziki kimya. Mama wa bibi harusi hanisalimii mpaka leo. Ndipo nikaelewa: kamera ikizunguka, hakuna tena nyuma ya kamera. Taa utazificha wapi? Wasaidizi wasimame wapi? Mwenzangu yule aliupitisha mtambo mzito juu ya reli, na huoni hata kivuli cha mtu.

Na wenzetu wanaopiga filamu kwenye nyumba za kupanga, wanaosingizia sebule ndogo, wajue kwamba Machozi Machungu ya Petra von Kant ya 1972 ilipigwa kwa siku kama 10, karibu yote ndani ya chumba kimoja. Kameramani ni yeye yule.

Haki itendeke pande zote, lakini. Ile safari ndefu ya kamera kwenye Goodfellas, filamu ya Scorsese ya 1990 ambayo kameramani ni Ballhaus, jamaa na mchumba wake wanapoingia klabu kwa mlango wa nyuma na kupitia jikoni hadi mezani bila kukatwa, aliyeifunga kamera mwilini na kuwafuata ni Larry McConkey. Ballhaus naye ana mtu wake asiyetajwa.

Uzeeni Ballhaus alipoteza nuru kwa presha ya macho, ugonjwa uliomtia giza mama mkubwa wangu kule Mpwapwa. Mwaka 2014 alitoa kitabu cha maisha yake, akakiita Picha Kichwani. Alifariki Berlin, 2017.

Ninachoomba ni mstari mmoja, Mhariri. Andikeni "Kamera", kisha jina. Nafasi ikiwa finyu, punguzeni picha ya nyota.

Mpiga video,
Nkuhungu, Dodoma.