Taarifa ya Mwenyekiti kwa Wanachama: Mwaka wa Kuwajua Waairishi

Ndugu wanachama, wakubwa shikamooni, vijana mambo vipi, na nyie mliojiunga kwa simu kutoka Cork na Limerick karibuni sana. Naomba niende moja kwa moja kwenye mambo maana ukumbi tumepewa mpaka saa moja usiku tu.

Mkutano uliopita tulikubaliana jioni zetu za mwisho wa mwezi ziwe na mada moja mwaka mzima, Uairishi, yaani hawa watu wa Ireland tunaoishi nao hapa Dublin ni kina nani na wanajionyeshaje kwenye muziki, michezo, tivii na sherehe zao. Wapo waliopinga, wakasema jamani watoto wetu Kiswahili chenyewe kinawaponyoka halafu nyie mnahangaika na mambo ya wenyeji. Niliwasikia na nawaheshimu, ila sasa mwaka umeisha nasema bila kusitasita uamuzi ule ulikuwa sahihi.

Jioni iliyojaza watu kuliko zote ilikuwa ya Riverdance, onyesho la dansi ya Kiairishi. Ile ngoma ilionekana mara ya kwanza tarehe 30 Aprili 1994 hapa hapa Dublin, kwenye Eurovision, yale mashindano ya nyimbo ya Ulaya, wakati wanasubiri kura, dakika kama saba hivi na Ulaya nzima ikasimama. Kilichowashangaza wengi ni kwamba wale wachezaji wakuu wawili, Michael Flatley kazaliwa Chicago na Jean Butler kazaliwa New York! Na gwaride la kila Machi la St Patrick, mtakatifu wao, nalo hivyo hivyo, New York wanatembea tangu 1762, wakati hili tamasha kubwa la Dublin tunalolijua sisi limeanza 1996. Yaani sehemu kubwa ya kile dunia inachokiita cha Kiairishi kimepikwa na watu walioko ughaibuni, waliokuwa wanakumbuka kwao, halafu kikarudi nyumbani kikapokelewa kuwa chetu sote. Sisi tulioacha Tanga, Mombasa, Bukavu, hilo tunalielewa bila kufundishwa.

Mada ya pili vijana ndo waliiandaa na niwapongeze kwa dhati. Walituletea Phil Lynott, yule wa bendi ya rock ya Thin Lizzy, baba yake katoka Guyana, mama wa Dublin, kalelewa na bibi yake pale Crumlin, mwaka 1972 wakachukua wimbo wa kienyeji wa zamani wakaupiga kwa magitaa ya umeme na nchi nzima ikaimba, leo ana sanamu Harry Street pale jirani na Grafton Street, tangu 2005. Wakatuletea Paul McGrath, beki wa soka, baba Mnaijeria, kakulia kwenye nyumba za watoto yatima hapa Dublin, akaichezea Ireland mechi 83, na ile ya Italia Kombe la Dunia 1994 bega linamuuma na bado Baggio, mshambuliaji wao hatari, hakupata nafasi, tukashinda moja bila. Halafu Seán Óg Ó hAilpín, mama yake katoka Rotuma kule Fiji, nahodha wa Cork kwenye hurling, mchezo wao wa asili wa fimbo na mpira, mwaka 2005, walipochukua ubingwa akapanda jukwaani Croke Park, uwanja mkuu wa michezo hiyo hapa Dublin, akatoa hotuba yake kwa Kiairishi, akaitaja safari ndefu ya kutoka Fiji mpaka Cork. Tulioangalia ile video pamoja tulinyamaza kabisa, na kuna akina mama walilia, mimi nawaelewa.

Lakini tusidanganyane kwamba mlango ulikuwa wazi siku zote. Hata hiyo GAA, chama cha michezo yao ya asili kilichoanzishwa Thurles mwaka 1884, kwa miaka mingi ilikataza wanachama wake kucheza au hata kwenda kuangalia soka na raga kwa kuwa ni michezo ya Mwingereza, katazo likaondolewa 1971, na raga na soka zikaja kuchezwa Croke Park 2007. Watu waliotawaliwa wanajenga uzio kujilinda, sisi pia tunajua. Na upo uzio wa karatasi, kura ya maoni ya 2004, asilimia 79 walikubali kwamba mtoto kuzaliwa tu hapa hakumpi uraia moja kwa moja, ikaanza kutumika Januari 2005. Wanachama wenye watoto waliozaliwa baada ya hapo naombeni sana fuatilieni makaratasi mapema, kamati ina orodha ya mawakili. Na yale machafuko ya kupinga wahamiaji ya Novemba 2023 katikati ya mji, mabasi yanachomwa, watu wanapiga kelele nchi imejaa, hatujayasahau, na watoto wetu wanauliza kama wao ni wa hapa. Majibu tunayo sasa: Lynott, McGrath, na Rhasidat Adeleke wa Tallaght, wazazi wake Wanaijeria, aliyeshika nafasi ya nne mita 400 Olimpiki ya Paris 2024 huku nchi nzima imekaa kwenye tivii inamshangilia. Uairishi ulishawabeba kina sisi zamani tu, wanaosema vinginevyo hawajui historia ya kwao wenyewe.

Wazee wa Kenya walitukumbusha na upande wa pili. Brother Colm O'Connell wa Cork kafika Iten 1976 kufundisha shule ya St Patrick's, hakuwa hata na ujuzi wa riadha, akabaki, na David Rudisha, bingwa wa Olimpiki wa mita 800, akatoka mikononi mwake. Kwa hiyo hawa watu na sisi tuna undugu wa siku nyingi.

Sasa narudi kwa wale waliohofia Kiswahili. Sensa ya 2022 watu kama milioni 1.87 wamesema wanajua Kiairishi, ila wanaokiongea kila siku nje ya shule ni kama elfu 72 tu, na hapo ni lugha ya taifa na watoto wanafundishwa tangu wadogo. Darasa peke yake halitoshi! Kilichowaamsha vijana ni TG4, tivii ya lugha ya Kiairishi, tangu 1996, ni vichekesho, ni kundi la rap la Kneecap kutoka Belfast wanaotukana na kuchekesha kwa Kiairishi mpaka watoto wa Dublin wanataka kuelewa wanasema nini (matusi siyaungi mkono, nasema tu njia). Ndo maana kamati inapendekeza darasa letu la Jumamosi lipunguze kunakili ubaoni, liongeze singeli, bongo fleva, genge, na igizo litakaloandikwa na watoto wenyewe.

Fedha ziko salama, mhasibu atasoma hesabu baada yangu. Michango ya misiba imelipwa yote.

Mwakani tunaomba ridhaa yenu kwa mambo mawili zaidi. Kwanza kununua fimbo na kofia za hurling ili watoto wetu waende klabu za mtaani wakiwa na vifaa, pili kujiandikisha kwenye gwaride la Machi tukiwa na kanga zetu, ngoma zetu na bango la Kiswahili na Kiairishi. Fomu ziko mezani kwa katibu, za wa Cork na Limerick atazituma leo hii usiku.